Nani Anafungua Kinywa? Jinpa na Nafasi ya Mwigizaji katika Filamu za Watibeti wa Leo

Mheshimiwa mwenyekiti, walimu wetu, wanachama wenzangu wa klabu ya filamu, na wageni wote mliofika: nawashukuru kwa kunipa nafasi hii, na ninaomba niingie moja kwa moja katika jambo lililotukutanisha.

Ukiziangalia tuzo ambazo filamu za Watibeti zimepata katika miaka ya karibuni, utaona kwamba sifa nyingi zimekwenda kwa maandishi. Mwaka 2015 filamu ya Tharlo ilipewa tuzo ya Golden Horse ya Taipei kwa muswada bora uliotokana na hadithi iliyokwisha kuandikwa. Mwaka 2018 filamu ya Jinpa, inayobeba jina la mwigizaji wake mkuu, ilipata tuzo ya muswada bora katika kitengo cha Orizzonti cha tamasha la Venice. Zote mbili ziliongozwa na Pema Tseden, ambaye alikuwa mwandishi wa hadithi fupi kabla hajashika kamera, na sina ugomvi na waamuzi waliompa haki yake. Hata hivyo, mtu anayesoma orodha hiyo bila kuzitazama filamu zenyewe angeweza kudhani kwamba mwigizaji humo ni mtu wa kuazimwa sura tu, anayesimama pale alipoambiwa asimame na kusema alichoandikiwa. Mimi nimekuja kusema kwamba katika filamu hizi mwigizaji ndiye anayebeba mzigo mzito kuliko wote, na kwamba namna nzuri ya kuupima mzigo huo ni kuuliza swali dogo kila mara Mtibeti anapotokea kwenye skrini: je, anasema, na akisema, anasema maneno ya nani?

Sababu ya kwanza ya swali hilo iko wazi. Nchini China filamu haionyeshwi hadharani mpaka ipite mikononi mwa wakaguzi wa serikali, na kwa mwongozaji anayegusa mambo ya Watibeti ukaguzi huo huanza na muswada, kabla kamera haijawashwa. Kwa hiyo kilichomo kwenye karatasi ni kile kilichoruhusiwa kuwemo. Lakini ofisa anayesoma muswada anaweza kufuta sentensi, hawezi kufuta muda ambao mtu atakaa kimya kabla ya kuitamka sentensi iliyobaki, wala jinsi atakavyotazama chini, wala pumzi atakayoivuta. Hayo yote hayaandikiki, na hapo ndipo mwigizaji anapoanza kazi.

Sababu ya pili ni ya kihistoria. Mwaka 1963 studio ya filamu ya jeshi la China ilitoa filamu iliyoongozwa na Li Jun kuhusu maisha ya mtwana wa Kitibeti, na mhusika wake mkuu, aliyeigizwa na Wangdui, ni kijana anayejifanya bubu. Kwa sehemu kubwa ya filamu hasemi neno, na anapofungua kinywa mwishoni, anafungua kwa ajili ya kumtaja Mao. Waigizaji walikuwa Watibeti, na walioiona wanakubali kwamba Wangdui alikuwa na macho yenye nguvu ya ajabu. Lakini lugha iliyosikika ilikuwa Kichina, na hadithi ilikwisha kuamuliwa na wengine: kimya cha Mtibeti ni dhuluma ya mabwana wa zamani, na sauti yake ni zawadi aliyoletewa. Hata Tian Zhuangzhuang, mwongozaji wa Kichina aliyewatazama Watibeti kwa heshima zaidi katika filamu yake ya mwaka 1986 kuhusu mwizi wa farasi, aliitengeneza kwa mazungumzo machache mno, kana kwamba watu wale ni sehemu ya milima na ibada na hawana porojo za jioni kama binadamu wengine. Upande wa pili wa dunia, Hollywood ilipotoa filamu zake mbili maarufu kuhusu Tibeti mwaka 1997, moja ilipigwa picha Moroko na nyingine kwa sehemu kubwa Argentina, na Watibeti waliomo walizungumza Kiingereza.

Basi Pema Tseden alipotoa The Silent Holy Stones mwaka 2005, jambo lililowashtua watu wa kwao halikuwa mandhari, kwani mandhari ya Tibeti ilikwisha kupigwa picha hata ikachosha. Kilichowashtua ni kuwasikia watu kwenye skrini wakizungumza Kitibeti cha Amdo kama kinavyozungumzwa nyumbani, wakibishana kuhusu televisheni na sikukuu ya mwaka mpya. Amdo ni eneo la kaskazini-mashariki mwa nyanda za juu za Tibeti, ambalo leo limegawanyika hasa katika mikoa ya Qinghai, Gansu na Sichuan, na ndiko alikozaliwa Pema Tseden mwaka 1969. Mhusika mkuu wa filamu hiyo ni mtawa mdogo wa Kibudha anayependa tamthilia za televisheni kuliko vitabu vya dini, na aliyemwigiza alikuwa mtawa kweli. Hakukuwa na waigizaji wa filamu wa kuajiriwa katika lahaja hiyo. Kulikuwa na watawa, wachungaji, walimu, waimbaji wa vilabuni, na wachekeshaji wa jukwaani na redioni.

Uhaba huo wenyewe ulimpa mwongozaji huyu filamu iliyofuata, na ninaomba tukae nayo kidogo kwa sababu sijui filamu nyingine inayozungumza na wanaopenda uigizaji kwa ukali kama hiyo. The Search, ya mwaka 2009, inamfuata mwongozaji anayezunguka vijijini kwa gari pamoja na wenzake akitafuta waigizaji wa mchezo wa Drime Kunden. Mchezo huo ni wa zamani sana katika tamthilia ya kuimbwa ya Watibeti, inayoitwa lhamo, na unamhusu mwana wa mfalme mwenye huruma isiyo na mpaka, ambaye anawatoa sadaka watoto wake, mkewe, na mwishowe macho yake mwenyewe. Kila kituo ni usaili. Watu wanaimba mbele ya kamera iliyowekwa mbali, wengine vizuri, wengine wakiwa wamelewa. Msichana anayeweza kumwigiza mke wa mwana wa mfalme anakubali kwa sharti kwamba wampeleke kwanza kwa kijana aliyeachana naye, ambaye amewahi kucheza nafasi ya mwana wa mfalme. Na safari nzima anakaa garini uso wake ukiwa umefunikwa kwa skafu.

Katika moja ya vituo hivyo wanakutana na mtu aliyewahi kuwa Drime Kunden hodari, lakini sasa haitaki tena nafasi hiyo, kwa sababu haoni ni kwa haki gani mtu awagawe mkewe na watoto wake kwa watu wengine na kusifiwa. Mwigizaji anakataa nafasi kwa sababu za kimaadili! Kwa kawaida tunadhani kwamba mwigizaji huuliza malipo, ratiba, na jina lake litaandikwa wapi. Huyu anauliza kama mhusika anastahili kuigizwa. Na kwa kuwa jamii yenyewe imemjua mhusika huyo kwa karne nyingi, anapomkataa anakuwa amezungumza kuhusu jambo kubwa kuliko mchezo mmoja, tena bila hotuba yoyote.

Sasa nije kwa Tharlo, ambako suala la sauti limewekwa mezani tangu picha ya kwanza. Shide Nyima, aliyeigiza mchungaji Tharlo, alikuwa tayari anajulikana kote Amdo kwa vichekesho. Hadhira ya huko imezoea michezo ya majibizano ya kuchekesha inayoitwa khashag, iliyoenea kwa redio na kanda za kaseti, na mchekeshaji hodari hujulikana kwa sauti kabla ya sura. Nasi tuliokua tukisikiliza vichekesho vya redioni tunalijua jambo hilo: mtu akisema neno moja tu, chumba kizima kinaanza kutabasamu kabla hajafika kwenye mzaha wenyewe. Pema Tseden akaichukua sauti hiyo inayosubiriwa kwa kicheko na kuipa kazi isiyochekesha.

Filamu inaanza katika kituo cha polisi. Tharlo, mwanamume aliyezidi miaka arobaini, mwenye nywele ndefu zilizosukwa mkia mmoja nyuma, yuko mbele ya ofisa akiwa na mwanakondoo ndani ya mkoba, na anakariri kwa Kichina hotuba ya Mao ya mwaka 1944 kuhusu kuwatumikia watu. Anaikariri yote, kwa kumbukumbu aliyoipata utotoni, kwa mwendo mmoja usiopanda wala kushuka, kama mtawa anavyosoma maandiko. Kamera haisogei, na picha haikatwi kwa dakika kadhaa. Mtazamaji wa Amdo anacheka, kwa kuwa anamjua Shide Nyima; kisha kicheko kinamkauka, kwa sababu yule mtu haachi. Hakuna dalili kwamba anayaelewa au hayaelewi maneno hayo, kwamba anayaamini au anayadhihaki. Mwigizaji mwenye tamaa angeweka ishara ndogo mahali fulani, jicho moja la kutuambia “mimi nami najua”. Shide Nyima hakuiweka. Kwa maoni yangu hapo ndipo ulipo ushujaa wa uigizaji wake, kwa kuwa ishara hiyo moja ingeigeuza filamu nzima kuwa fumbo jepesi la kisiasa, na wakaguzi nao wangelifumbua mara moja.

Katika hotuba hiyo ya Mao mna msemo wa kale wa Kichina kwamba kifo cha mtu kinaweza kuwa kizito kuliko mlima Tai au chepesi kuliko unyoya, na Tharlo ameushika kama kipimo cha maisha yake. Anakwenda mjini kupiga picha ya kitambulisho. Mpiga picha anamtaka akaoshe nywele. Saluni, anakutana na binti mwenye nywele fupi, aliyeigizwa na Yangshik Tso, na mengine mnaweza kuyakisia: mapenzi, kondoo kuuzwa, kichwa kunyolewa, na fedha kuondoka pamoja na binti. Kamera inatuonyesha sehemu kubwa ya mambo ya saluni kupitia kioo, hivyo kwamba waigizaji wawili wanaozungumza hawatazamani bali wanazitazama sura zao. Mchungaji anarudi kituoni akiwa na kipara, naye anaambiwa kwamba sasa hafanani na picha ya kitambulisho chake. Anajaribu tena kuikariri ile hotuba na maneno yanamkwama. Mtu yuleyule, chumba kilekile, na mwigizaji anatakiwa kuonyesha kwamba kumbukumbu, ambayo ndiyo mali pekee aliyobaki nayo, imeanza kuvuja. Shide Nyima hakulia, wala hakuinua sauti. Alisita tu mahali ambapo mwanzoni hakusita, na anayekumbuka mwanzo anaumia.

Jinpa ni mwigizaji wa aina tofauti kabisa, na ndiyo sababu ujio wake uliibadilisha hali ya mambo. Shide Nyima ni mtu wa maneno aliyefundishwa na jukwaa. Jinpa ni mwili. Ana mabega mapana, nywele zisizotii chanuo, uso uliopigwa na jua na upepo, na mwendo wa mtu asiye na haraka ya kupendwa. Katika filamu ya mwaka 2018 inayobeba jina lake, iliyotolewa chini ya usimamizi wa Wong Kar-wai kama mtayarishaji, anaigiza dereva wa lori anayepita Kekexili, uwanda ulio zaidi ya mita 4,500 juu ya usawa wa bahari, ambako mtu akisema sentensi ndefu pumzi inamkatikia njiani. Amevaa koti la ngozi na miwani ya jua, na kaseti inapiga wimbo wa Kiitaliano ulioimbwa kwa Kitibeti. Anamgonga kondoo. Baadaye kidogo anampakia abiria aliyekonda, mwenye upanga mfupi, ambaye anamwambia bila kupaza sauti kwamba anakwenda kumuua mtu aliyemuua baba yake. Abiria huyo, aliyeigizwa na Genden Phuntsok, naye anaitwa Jinpa.

Ndani ya chumba cha lori hakuna nafasi ya kuigiza kwa mikono. Kuna nyuso mbili, usukani, na barabara. Katika picha moja ambayo wengi wenu mtakuwa mmeiona kwenye mabango, mwongozaji anatupa nusu ya uso wa mmoja na nusu ya uso wa mwingine, na kutoka hapo tunaanza kushuku kwamba hawa si watu wawili. Ni kazi ya mwigizaji kuufanya ushuku huo usitulie. Angemwogopa abiria, tungekuwa na filamu ya kusisimua. Angemhurumia, tungekuwa na mawaidha. Jinpa anamsikiliza tu, tena kwa makini ya ajabu, kama mtu anayesikia habari za nyumbani kwake. Yule kondoo aliyekufa anampeleka kwa watawa aombewe, kisha kwa tai wamle, kama Watibeti wanavyozika wafu wao, na hayo yote anayatenda kwa ukamilifu wa mtu anayelipa deni, wakati saa hiyohiyo anabeba nyama ya kondoo kumpelekea mpenzi wake. Hakuna mahali anapoona haya kwa mgongano huo. Filamu inaendelea hadi katika nyumba ya chai, ambako dereva anakaa palepale abiria alipokaa siku iliyotangulia, mbele ya mwenye nyumba yuleyule, Sonam Wangmo, na tukio linajirudia karibu kwa umbo lilelile huku aliyekaa akiwa mwingine. Linganisheni namna wanaume hao wawili wanavyomjibu mwanamke mcheshi, mtaelewa kwa nini nasema kwamba muswada uliotuzwa Venice ulikamilishwa na waigizaji watatu.

Mwaka uliofuata, katika Balloon, Jinpa na Sonam Wangmo wakawa mume na mke. Hapa sauti inahamia kwake yeye mwanamke, na ni haki tuseme hivyo, kwa kuwa filamu hizi mara nyingi zimeelezwa kama hadithi za wanaume walio peke yao. Drolkar, mke wa mchungaji katika enzi ya udhibiti mkali wa uzazi, anakwenda zahanati kuomba msaada wa uzazi wa mpango, na anashindwa kulisema jambo lake mpaka apatikane daktari wa kike. Watoto wake wameiba kondomu na kuzipuliza kama maputo. Baba mkwe anafariki, na mtawa mkuu anasema kwamba atazaliwa upya ndani ya familia hiyohiyo, wakati ambapo Drolkar amegundua ana mimba. Sonam Wangmo anaigiza kwa shingo na mabega: kila mtu anapozungumza kuhusu tumbo lake, yeye anaendelea na kazi aliyokuwa akiifanya, na kazi hiyo inakuwa ya kasi kidogo zaidi. Jinpa upande wake alikuwa na mtihani mgumu, kwani mume huyo ni mtu mwema anayempiga mkewe kofi. Angeweza kutuandaa kwa hasira iliyokuwa ikipanda. Badala yake kofi linakuja kabla yeye mwenyewe hajajua kwamba litakuja, na mshangao wa usoni mwake unabaki pale bila kumwombea msamaha. Yangshik Tso, yule binti wa saluni, hapa ni mtawa wa kike, dada yake Drolkar, na aliyewahi kumwona katika Tharlo hatamtambua kwa urahisi.

Mtaona basi kwamba kundi ni dogo na linajirudia. Ni jambo la lazima, kwa sababu lahaja zinabana. Kitibeti cha maandishi ni kimoja, lakini msemaji wa Lhasa, mji mkuu wa Tibeti, na msemaji wa Amdo wakikutana kwa mara ya kwanza wanaweza wasielewane, na mwigizaji aliyesomea tamthilia Shanghai au kukulia Lhasa, akitaka kumwigiza mke wa mchungaji wa Amdo, inambidi ajifunze upya namna ya kumwita mtoto wake kula. Hadhira husamehe mengi, haisamehi lafudhi. Kwa hiyo waigizaji wanaoweza kuvuka mpaka huo wamekuwa kama mali ya pamoja ya waongozaji wote. Sonthar Gyal, aliyekuwa mpiga picha wa Pema Tseden kabla hajaongoza filamu zake mwenyewe, alipotengeneza Ala Changso mwaka 2018, hadithi ya mwanamke mgonjwa anayefunga safari ya kusujudu hatua kwa hatua hadi Lhasa, alimchukua mwimbaji maarufu Yungdrung Gyal kuwa mume. Mwaka uliofuata, katika Lhamo and Skalbe, alirudi kwenye mchezo wa jukwaani: mwanamke anayejiandaa kuigiza katika utenzi wa mfalme Gesar anapewa nafasi ya mke aliyetupwa motoni kwa dhambi zake, na kijiji kinachomtazama jukwaani kinamhukumu yeye mwenyewe.

Upande wa Watibeti walio uhamishoni nitaupita kwa ufupi, ingawa una heshima yake. Huko swali ni tofauti. Windhorse ya mwaka 1998, ambayo sehemu yake ilipigwa picha kwa siri Lhasa, iliwaacha baadhi ya washiriki bila majina katika orodha ya mwisho kwa ajili ya usalama wa jamaa zao. Nyota wake, Dadon, alikuwa mwimbaji aliyependwa Tibeti kabla ya kukimbia, na aliigiza mwimbaji. Jampa Kalsang, aliyekuwa naye humo, aliendelea kuonekana katika Dreaming Lhasa mwaka 2005 na The Sweet Requiem mwaka 2018, zote za Ritu Sarin na Tenzing Sonam, akiwa kwa miaka ishirini karibu uso wenyewe wa filamu za uhamishoni. Filamu hizo zinaweza kusema waziwazi ambayo ya ndani hayasemeki, na pengine kwa sababu hiyohiyo zinamhitaji mwigizaji kidogo zaidi kama shahidi na kidogo pungufu kama mwigizaji. Hiyo ni hukumu yangu, na najua humu ndani wapo watakaonipinga. Tutazungumza wakati wa maswali.

Narudi kwa Jinpa. Mwaka 2021, Jigme Trinley, mwana wa Pema Tseden, alitoa filamu yake ya kwanza ndefu, One and Four, na akamweka Jinpa katikati yake kama mlinzi wa msitu aliye peke yake kibandani wakati wa theluji, ambaye wageni wanamwingilia mmoja baada ya mwingine, kila mmoja akidai kuwa ndiye mkweli. Ni filamu ya mashaka na bunduki, iliyo karibu na sinema za biashara, na ilikuwa muhimu kwa sababu ilionyesha kwamba uso huo haukuwa wa mwongozaji mmoja tu. Mlinzi huyu ni mtu aliyechoka, mwenye njaa, anayejua kwamba hana akili ya kutosha kwa usiku huo, na Jinpa anakubali kuonekana mjinga, jambo ambalo wanaume wengi wenye umbo kama lake hawalikubali mbele ya kamera.

Halafu ikaja Snow Leopard. Pema Tseden alifariki ghafla tarehe 8 Mei 2023, akiwa na umri wa miaka 53. Filamu hiyo ilionyeshwa Venice miezi michache baadaye, na vuli ya mwaka huohuo ikapata tuzo kuu ya tamasha la Tokyo. Hadithi yake ni fupi: chui wa theluji ameingia zizini na kuwaua kondoo dume tisa waliohasiwa, na sasa amenaswa humo. Mwana mkubwa wa nyumba hiyo, ambaye naye anaitwa Jinpa, anataka fidia, la sivyo atamuua. Mdogo wake, mtawa anayependa kupiga picha, na baba yao wanataka aachiwe. Maofisa wanataka aachiwe kwa sababu sheria inamlinda. Timu ya televisheni imefika kurekodi.

Na hapa mwigizaji tuliyemzoea kwa ukimya anafungua kinywa na hakifungi. Mbele ya kamera ya televisheni anamwaga malalamiko yake: kondoo tisa, bei yao, waliomtembelea na kuondoka, ahadi, na tena kondoo tisa. Anarudia, anajikwaa, anapandisha sauti, anapoteza uzi na kuuokota mahali pabaya. Angalieni mikono yake, kwa sababu ni ya mtu anayejua kwamba anarekodiwa na anayetaka maneno yake yafike kwa mkubwa fulani aliye mbali. Jinpa anamwigiza mtu ambaye haigizi vizuri. Ni jambo gumu kuliko linavyoonekana, kwani mwigizaji hodari akijaribu kuwa mbovu kwa kawaida huwa mbovu kwa ustadi, nasi tunauona ustadi. Hapa hatuuoni. Tunamwona mfugaji aliyekasirika, mwenye haki nusu, anayechosha, na baada ya dakika chache tunagundua kwamba tangu yule kijana bubu wa mwaka 1963 hatujawahi kumsikia Mtibeti kwenye skrini akilalamika kwa urefu hivi kuhusu jambo dogo hivi, kwa lugha yake, bila mtu yeyote wa kumtafsiria uchungu wake kuwa shukrani.

Wapo wanaosema kwamba Jinpa ameigiza mtu mmoja katika filamu zote: mwanamume mkubwa wa nyikani, mwenye koti na kondoo. Nakubali kwamba waongozaji wameutumia mno umbo lake, na kwamba yeyote atakayempa nafasi inayofuata angefanya vyema kumtoa nyikani, amkalishe ofisini mjini Xining, mji mkuu wa Qinghai, amvalishe shati la mikono mifupi. Lakini siukubali msingi wa lawama hiyo. Dereva anayesikiliza, mume anayeshangaa mkono wake, mlinzi asiyejua amwamini nani, na mfugaji asiyenyamaza ni watu wanne, na kinachowatenganisha hakimo kwenye mavazi wala kwenye mandhari. Kimo katika muda anaouchukua kabla ya kujibu anapoulizwa. Ninapendekeza kwamba tutakapoiona Jinpa hapa baada ya mapumziko, kila mmoja wetu aache kusoma maandishi ya chini kwa tukio moja tu, lile la ndani ya lori, na amsikilize yeye.